Fluorokromu ni nini? Rangi inayong'aa ndani ya vipimo vya labo

Kwenye mafundisho ya wauguzi, kwenye vitabu vya labo na wakati wanganga wanaeleza namna wanapima kifua kikuu, Ebola ao mpox, kuna neno moja linarudi kila mara: fluorokromu. Wengi wetu tunalisikia na kulipita. Lakini neno hilo njo linatuonyesha kwa nini mashini ya labo inasema "ndiyo" ao "hapana", na kwa nini siku zingine "hapana" yake haitoshi. Hapa tunaeleza maana ya neno, lilitoka wapi, na kazi yake hapa kwetu mashariki.

Maana yake kwa kifupi

Fluorokromu ni rangi ambayo ukiimulika na mwangaza wa aina moja, inakurudishia mwangaza wa aina ingine.

Rangi ya kawaida haifanyi vile. Kitenge chekundu kinaonekana chekundu juu kinameza rangi zingine za mwangaza wa jua na kurudisha nyekundu tu. Ile nyekundu ilikuwa tayari ndani ya mwangaza. Fluorokromu inafanya zaidi: unaipiga na taa ya bluu, yenyewe inatoa kijani, wakati kijani hakikukuwa ndani ya taa yako.

Inawezekana namna gani? Mwangaza wa bluu uko na nguvu kupita wa kijani. Ni sawa na kubadilisha feza: unaleta dola, kambisti anakata kidogo yake, anakurudishia franga. Fluorokromu inapokea nguvu ya bluu, inakata kidogo ambayo inageuka joto dogo sana, na inatoa iliyobaki kama mwangaza wenye nguvu ya chini. Mufano ni fluoreseini, moja ya fluorokromu zinazojulikana sana: inakunywa vizuri mwangaza wa karibu nanometa 490, ni kusema bluu, na inatoa wa karibu nanometa 520, ni kusema kijani. Yote inapita kwa sehemu chache za bilioni za sekunde moja. Ukizima taa, rangi nayo inazimika papo hapo.

Tofauti hiyo kati ya mwangaza unaoingia na ule unaotoka njo siri ya kazi yote. Mutu wa labo anaweka kioo cha kuchuja kinachozuia bluu ya taa na kuacha kijani kipite. Basi kila kitu kinabaki giza, isipokuwa pale rangi imeshikamana. Nukta moja ndogo inayong'aa ndani ya giza inaonekana haraka kuliko nukta nyekundu katikati ya rangi zingine.

Neno lilitoka wapi

Neno liko na sehemu mbili. "Kromu" ni kutoka Kigiriki, na maana yake ni rangi. "Fluoro" ni kutoka Kilatini, kwa neno la kutiririka. Zamani wayeyushaji wa madini walikuwa wanatia jiwe fulani ndani ya tanuru ili uchafu wa madini uyeyuke na kutiririka vizuri. Jiwe hilo likaitwa fluorini ya mawe, ao fluoriti. Mawe mengine ya aina hiyo yanang'aa bluu chini ya mwangaza wa ultravioleti. Mwaka wa 1852 mwanasayansi George Gabriel Stokes, aliyekuwa anafundisha Cambridge, Uingereza, alieleza jambo hilo la kung'aa na kulipa jina kutokana na jiwe lile.

Lakini hata mbele ya Stokes, mwaka wa 1845, John Herschel alikuwa ameandika juu ya maji yaliyotiwa kinini: yalionekana safi kama maji ya kunywa, ila pale jua lilipoyapiga yalitoa bluu nzuri. Kinini ile ile tunaijua hapa. Miti ya kinkina inalimwa Kivu tangu wakati wa ukoloni, na kiwanda cha Pharmakina, Bukavu, kilijulikana kwa kutengeneza kinini kutoka kwa maganda yake. Kwa hiyo ile dawa chungu ya malaria ni moja ya vitu vya kwanza vilivyofundisha wanasayansi jambo hili.

Angalisho moja: usichanganye fluorokromu na fluori, ile ya dawa ya kupigia meno. Majina yanafanana juu yote mbili yalitokana na jiwe moja. Fluorokromu nyingi haziko hata na fluori ndani yake. Fluoreseini yenyewe haina.

Maneno ambayo watu wanachanganya

Fluorokromu na fluorofori. Fluorofori ni ile sehemu ya molekuli inayofanya kazi ya kupokea na kutoa mwangaza. Fluorokromu ni rangi nzima ambayo mutu wa labo anatumia kupaka ao kufunga juu ya kitu. Ndani ya kazi ya kila siku wengi wanatumia neno moja kwa lingine, na hakuna anayekataa.

Fluoresensi na fosforesensi. Fluoresensi inaisha taa ikizimika. Fosforesensi inaendelea kung'aa ndani ya giza kwa muda, sawa mishale ya saa zingine za mukono ao nyota za plastiki ambazo watoto wanabandika ukutani.

Kung'aa na kurudisha taa. Tuangalie jile ya dereva wa moto. Kitambaa chake cha manjano-kijani ni cha fluoresensi: mchana, hata mawingu yakiwa mengi, kinakunywa ultravioleti ya jua na kinaonekana mbali. Usiku hakuna jua, basi kitambaa kile kinapoteza nguvu yake kubwa. Kinachomulinda dereva usiku ni ile mistari ya rangi ya feza inayorudisha taa za gari kule zilitoka. Jile isiyo na mistari hiyo inakusaidia mchana tu.

Kipimo cha haraka cha malaria. Ule mustari mwekundu unaojitokeza baada ya kutobolewa kidole si fluorokromu. Ndani ya vipimo vingi vya aina hiyo, rangi ile inatoka kwa chembe ndogo sana za zahabu. Unaiona kwa macho, bila taa yoyote.

Kifua kikuu: rangi inayoshika ngozi ya mikrobe

Kongo ni moja kati ya inchi ambazo Shirika la Afya Duniani, OMS, linahesabu kuwa na muzigo mkubwa wa kifua kikuu. Kwa miaka mingi labo zetu zilitumia njia ya Ziehl-Neelsen: makohozi yanapakwa juu ya kipande cha kioo, wenyewe wanaita lamu, yanatiwa rangi nyekundu ya fuksini, kisha mutu anatafuta vijiti vyekundu kwa mikroskopi, akikuza mara 1000.

Njia ingine inatumia fluorokromu inayoitwa oramini. Mikrobe ya kifua kikuu iko na ngozi yenye mafuta mengi. Ikishika oramini haiachii, hata ukiiosha na asidi pamoja na pombe. Vitu vingine juu ya lamu vinaachia. Chini ya mwangaza wa bluu, mikrobe zinaonekana kama vijiti vya manjano-kijani ndani ya giza. Kwa vile vinang'aa, mutu wa labo hana lazima ya kukuza sana. Anaona eneo kubwa kwa mara moja na anamaliza lamu haraka. Mwaka wa 2011 OMS ilitoa mwongozo kwamba mikroskopi za aina hii zenye taa za LED zichukue nafasi ya zile za kawaida. Taa ya LED inadumu muda mrefu sana kuliko taa za zamani za zebaki na inaweza kutumia betri, jambo kubwa kwa kituo cha afya kisicho na umeme wa kila siku.

Lakini oramini iko na mipaka yake, na mugonjwa anapashwa kuijua.

Kwanza, mikroskopi inahitaji mikrobe nyingi. Kwa kawaida inapashwa kuwa karibu 5000 hadi 10 000 ndani ya mililita moja ya makohozi ndipo mutu azione. Mugonjwa anayeleta mate badala ya makohozi ya ndani ya kifua anaweza kuambiwa "hakuna kitu" wakati ugonjwa uko.

Pili, oramini inashika mikrobe iliyo hai na ile iliyokufa bila kuzitenganisha. Mutu anayekunywa dawa vizuri anaweza bado kuonekana na vijiti vinavyong'aa. Munganga anaangalia matokeo hayo pamoja na mwezi wa matibabu na hali ya mugonjwa.

Tatu, fluorokromu inachoka. Ikimulikwa sana inapauka, sawa nguo iliyoachwa juani siku nyingi. Kwa hiyo lamu inapashwa kusomwa mapema na kuwekwa ndani ya giza.

CD4: fluorokromu juu ya kingamwili

Kwa wanaoishi na VIH, fluorokromu inafanya kazi ingine. Ili kuhesabu CD4, zile chembe za damu ambazo virusi vinashambulia, labo inatumia kingamwili, ni kusema protini inayoshika kitu kimoja tu. Kingamwili hicho kinafungwa fluorokromu. Kinapokutana na chembe ya CD4 kinaishika, chembe inang'aa ikipita mbele ya taa, na mashini inahesabu.

Hapa njo tunaona kanuni ambayo inarudi kila mahali: fluorokromu yenyewe haijui ugonjwa. Kile kinachojua ni ndoano iliyofungwa nayo. Rangi inatoa habari tu kwamba ndoano imeshika.

GeneXpert: namna taa inawaka

Mwezi wa 12 mwaka wa 2010 OMS ilikubali kipimo cha GeneXpert kwa kifua kikuu. Mashini hiyo inatoa jibu chini ya masaa mawili, na inaonyesha pia kama mikrobe inakataa rifampisini, moja ya dawa kubwa za matibabu.

Ndani yake mna vipande vifupi vya ADN vilivyojikunja sawa pini ya nywele. Ncha moja iko na fluorokromu, ncha ingine iko na kitu cha kuzima mwangaza. Wakati kipande kimekunjwa, ncha mbili ziko karibu na mwangaza unazimwa. Kipande kikikutana na ADN ya mikrobe inayolingana nacho, kinajinyoosha na kuishika. Ncha zinaachana, fluorokromu inawaka. Sanjay Tyagi na Fred Kramer walitangaza ufundi huo mwaka wa 1996, kule Marekani.

Kipimo cha kwanza cha GeneXpert kwa kifua kikuu kilikuwa na vipande vitano vya namna hiyo, kila kimoja na rangi yake, vikiangalia sehemu moja ya jeni ya mikrobe. Kama zingine zinawaka na moja haiwaki, ao inachelewa sana, ni alama kwamba mikrobe imebadilika pale na huenda inakataa rifampisini. Kuna rangi ya sita pia, ya mashini kujichunguza yenyewe. Ndiyo sababu siku zingine karatasi haisemi ndiyo wala hapana, inasema kipimo hakikukubaliwa. Haiko kuficha jibu. Kipimo kinapashwa kurudiwa.

Mashini haimuliki tu. Inazidisha ADN, duru kwa duru. Kila duru, kiasi kinakaribia kuwa mara mbili. Baada ya duru 10, kipande kimoja kinaweza kuwa karibu 1000. Nambari ya duru ambayo mwangaza unaanza kuonekana vizuri inaitwa Ct. Ct ndogo ni kusema mikrobe ao virusi vilikuwa vingi tangu mwanzo. Ct kubwa ni kusema vilikuwa vichache.

Ebola: kwa nini walirudilia kipimo

Ugonjwa wa Ebola uliotangazwa tarehe 1 mwezi wa 8 mwaka wa 2018 Kivu ya Kaskazini na kuenea Ituri, uliisha tarehe 25 mwezi wa 6 mwaka wa 2020. Ulishika watu 3470 na kuua 2287. GeneXpert ilitumika ndani ya labo za Beni, Butembo, Goma na kwingine, ikitafuta jeni mbili za virusi.

Wakati ule familia nyingi zilijiuliza: kama kipimo kimesema hapana, kwa nini mutu wetu bado anazuiliwa? Swali lilikuwa la haki, na wengi hawakupewa jibu kwa luga wanayosikia. Jibu liko ndani ya mwangaza. Siku za kwanza za homa, virusi bado ni vichache ndani ya damu. Ndoano hazina cha kushika, fluorokromu haiwaki. Siku mbili mbele, mutu yule yule anaweza kuwa na virusi vingi. Ndiyo maana mwongozo unaomba kwamba damu ikitolewa mbele ya masaa 72 tangu dalili zianze, na jibu likawa hapana, kipimo kirudiliwe. Ndani ya masaa yale, kumurudisha mutu nyumbani kungeweza kuleta kifo ndani ya nyumba nzima.

Mpox: wakati ndoano ilikosa mahali pa kushika

Mufano wa karibu zaidi ulitoka Kamituga, Kivu ya Kusini. Mpox iliyoonekana kule tangu mwezi wa 9 mwaka wa 2023 ilikuwa ya tawi jipya, ambalo leo linaitwa Ib. Virusi hivyo vilikuwa vimepoteza kipande cha ADN yao. Kwa bahati mbaya, kipande hicho njo kile ambacho kipimo kimoja cha kutambua kundi la I kilikuwa kinatafuta. Vipimo vinavyotafuta mpox kwa jumla viliendelea kuona ugonjwa, lakini kile cha kutambua kundi hakikuwaka. Wanasayansi walisoma ADN nzima, wakaona sababu, na vipimo vingine vikatengenezwa. Tarehe 14 mwezi wa 8 mwaka wa 2024 OMS ilitangaza mpox kuwa hatari ya afya ya kimataifa.

Kwa hiyo mwangaza ukiwaka, ndoano imeshika kitu. Usipowaka, inaweza kuwa ugonjwa hauko, ao ni mapema, ao kilicholetwa labo hakikufaa, ao virusi vimebadilika. Munganga mzuri anasoma karatasi ya labo pamoja na mwili wa mugonjwa.

Nje ya labo: macho, feza na sabuni

Wanganga wa macho wanatia fluoreseini kidogo ndani ya jicho lililoumia. Pale ngozi ya jicho imekwaruzwa, rangi inabaki na kung'aa kijani chini ya taa ya bluu. Machozi ya manjano baadaye ni ya kawaida, yanaisha.

Makambisti nao wanatumia fluoresensi kila siku, hata bila kutaja jina. Ndani ya noti za kisasa za dola kuna uzi unaong'aa chini ya taa ya ultravioleti: bluu kwa 5, machungwa kwa 10, kijani kwa 20, manjano kwa 50, waridi kwa 100. Noti ya 1 haina uzi. Karatasi yenyewe ya dola ni ya pamba na kitani, haipashwi kung'aa bluu-nyeupe kama karatasi ya daftari. Lakini noti nzuri iliyosahauliwa mufukoni na kufuliwa inaweza kung'aa, juu sabuni nyingi za unga ziko na rangi za fluoresensi zinazofanya nguo nyeupe ionekane nyeupe zaidi. Kwa hiyo angalia uzi kwanza, mbele ya kumuita mutu mwizi.

Rangi hizi ni hatari?

Ndani ya vipimo vya makohozi, damu ao vidonda, fluorokromu inakutana na kile kilichotolewa mwilini, mbali na mugonjwa. Hakuna rangi inayoingizwa ndani yake. Fluoreseini ya macho inatumika kwa kiasi kidogo na wafundi wanaoijua. Oramini ni ya labo tu: ni sumu, wafanyakazi wanapashwa kuvaa gla za mikono, na haipashwi kamwe kuingia ndani ya chakula. Taa ya ultravioleti nayo isiangaliwe kwa macho wazi, na isiachiwe watoto kuchezea.

Namna ya kulitumia neno

Kwa Kiswahili tunasema fluorokromu moja, fluorokromu nyingi. "Kingamwili kimefungwa fluorokromu ya kijani." "Lamu imepakwa fluorokromu." Ukizungumuza na mutu asiyezoea maneno ya labo, sema tu rangi inayong'aa chini ya taa. Usiseme rangi ya moto, wala rangi yenye miale. Wengine watafikiri ni kitu cha kuunguza ao cha radiografi.

Na mukienda kupimwa, muna haki ya kuuliza mambo matatu: kipimo hiki kinatafuta nini? Ni lazima kirudiliwe, na lini? Kama ni hapana lakini ninaendelea kuumwa, nirudi siku gani? Kwa kifua kikuu, mutu anayekohoa zaidi ya wiki mbili asikae nyumbani kwa sababu ya "hapana" moja. Alete makohozi ya ndani ya kifua, si mate, na arudi kituo cha afya. Dawa za ugonjwa huo zinatolewa bure.